Places That Don't Exist: safari za nchi "zisizokuwepo"

Wadau, kwa wale ambao hawajaiona, hii ni dokumentari ya BBC ya mwaka 2005, sehemu tano. Mtangazaji ni Mwingereza Simon Reeve. Jamaa hakwenda mbugani kupiga picha za simba, alikwenda sehemu zenye serikali, bendera na jeshi lake, ila kwenye orodha ya Umoja wa Mataifa hazimo: Somaliland, Transnistria, Taiwan, Nagorno-Karabakh, Abkhazia na Ossetia Kusini.

Ya Somaliland ndiyo inatugusa zaidi, maana hawa ni majirani. Walijitangazia uhuru Mei 1991. Mwaka 2003 walipiga kura ya urais, mshindi akapita kwa kura zisizofika 300, na vita haikuzuka! Reeve alifika pia Mogadishu, mji mkuu wa nchi inayotambulika, wakati huo ukiwa mikononi mwa wababe wa vita. Huko akauziwa pasipoti ya kidiplomasia kama mtu anayenunua mtumba. Sasa ipi hapo ni nchi?

Tangu hapo mengi yamebadilika. Desemba 2025 Israel iliitambua Somaliland. Nagorno-Karabakh ndiyo basi tena: Septemba 2023 Azerbaijan iliichukua kwa nguvu, na Waarmenia zaidi ya 100,000 wakakimbia ndani ya siku chache. Ukiicheki sehemu hiyo leo, unaangalia majumba na mitaa ambayo wenyewe hawaishi tena humo.

Itafuteni, halafu mtupe maoni yenu.