Zelabia: Jina la Bibi Zetu

Jalebi tunaijua ni tamu ya Kihindi, lakini safari yake ilianza mbali. Katika karne ya 10, Ibn Sayyar al-Warraq aliandika mapishi ya zulabiya katika kitabu chake, Baghdad. Ilipofika India, jina likageuka kuwa jalebi. Kiswahili kikabaki na jina la Kiarabu: zelabia.

Bi harusi mtarajiwa, ukiipika usiwe na haraka. Uache unga uumuke, uukamue kwa kitambaa chenye tundu, uzungushe ndani ya mafuta ya moto, kisha uichovye kwenye shira ya zafarani ingali vuguvugu. Ukiipakua mbele ya wakwe, itaje zelabia. Tukilisahau jina, tumepoteza na njia lilikopitia.