Lango la Nyoka
Nyumba ya Gadsden, Mtaa wa East Bay, Charleston, South Carolina

Mtafute nyoka aliyejikunja katikati ya vyuma. Ndiye yule wa bendera ya njano ya Christopher Gadsden, kiongozi wa Mapinduzi ya Marekani, iliyopeperushwa mwaka 1775 kuwaonya Waingereza.

Aliyemfua ni Philip Simmons (1912–2009). Alijifunza uhunzi tangu akiwa na miaka 13 kwa Peter Simmons, mzee aliyezaliwa utumwani. Majina yalifanana tu, hawakuwa ndugu. Walitengeneza nali za farasi na magurudumu ya mikokoteni. Magari yalipoiua kazi hiyo, Philip akageukia mageti na vizuizi vya ngazi.

Chuma hutiwa motoni mpaka kiwe chekundu, kikapigwa nyundo juu ya fuawe na kukunjwa kabla hakijapoa. Kilichomsumbua zaidi hapa ni jicho. Alilirudia mpaka nyoka akaonekana hai. Lisogelee ulitazame: ustadi wote wa lango umo humo.

Mwaka 1982 taifa lilimtunuku tuzo ya juu ya sanaa za jadi. Zaidi ya kazi zake 500 zimepamba mji huu, na nyumba yake ya Mtaa wa Blake sasa ni makumbusho.