Choroko zilizobaki Kaloleni

Februari 5, 2027 Azimio la Arusha litatimiza miaka 60. Hapa Kaloleni, yalipo Makumbusho ya Azimio, zama zile tunazijua kwa hotuba na picha. Marehemu bibi yangu alizijua pia kwa choroko.

Miaka ya sitini bibi alikuwa mpishi wa mwalimu mmoja kutoka kusini mwa India, aliyepanga ghorofani katikati ya mji. Wahindi wengi wa hapa asili yao ni Gujarat na Kutch. Reli ilipofika Arusha mwaka 1929 biashara yao ilizidi kupanuka, na neno kachumbari limetoka katika lugha zao. Lakini mke wa mwalimu alikuja na chake: kosambari, saladi inayoandaliwa Karnataka kwenye sikukuu, hasa Rama Navami. Kwa kawaida hutumika choroko zilizokobolewa na kulowekwa. Yeye alipenda nzima, zilizochipua.

Bibi alichambua mawe, akaloweka usiku kucha, akamwaga maji, kisha akafunga choroko kwenye kitambaa cha pamba na kukinyunyizia asubuhi na jioni. Siku ya pili vimkia vyeupe vilitokeza. Mwezi wa Julai, baridi ya Meru inapobana, ilibidi kulisogeza furushi karibu na jiko na kungoja siku moja zaidi. Zikishachipua, alichanganya tango, karoti, pilipili mbichi, kotmiri na nazi ya kukuna kutoka Tanga, akakamulia ndimu. Mwisho alimwagia mafuta ya moto yenye haradali zilizokwisha kupasuka na mvuje kidogo.

Kisa alichokirudia kuliko vyote ni cha Aprili 1971. Serikali ilitunga sheria ya kutwaa majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000. Jengo lililozidi miaka kumi halikuwa na fidia. Wengi walioguswa walikuwa Waasia. Mwenye nyumba wa mwalimu aliamka akiwa hana nyumba. Kodi ikaanza kulipwa kwa Msajili wa Majumba. Mtaani Kaloleni watu waligawanyika: wapo walioona haki imetendeka, kwani kodi ilikuwa imewakamua, wapo waliomhurumia mzee aliyejenga kwa jasho la duka. Bibi aliyaona yote mawili kuwa kweli, nami nakubaliana naye. Mwaka uliofuata mwalimu na mkewe waliondoka. Kitambaa cha pamba wakamwachia.

Tangu hapo bakuli lile likawa la futari kwetu. Majirani waliliita kachumbari ya choroko.

Agosti 2017 India ilipoweka kikomo cha kuagiza mbaazi na choroko kutoka nje, wakulima wetu waliumia kwa bei. Tulilalamikia soko la mbali, huku tukisahau kwamba chakula kile tulishafundishwa kukila wenyewe, hata bila kukipika. Historia ya mji huu imo pia mikononi mwa wapishi wa zama zile, na wanazidi kupungua. Waulizwe sasa, kumbukumbu zao ziandikwe.

Mimi nitaloweka zangu usiku wa Februari 2. Joto la mwezi ule linatosha. Siku ya Azimio zitakuwa zimechipua.