Kutoka Reli ya Karanga hadi Faiba: Njia Kuu, Matawi na Nafasi ya Kiegei katika Historia ya Mawasiliano ya Kusini mwa Tanzania

1.0 Utangulizi

Historia ya Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano mara nyingi huelezwa kwa urefu wake. Awamu mbili za mwanzo, zilizojengwa tangu mwaka 2009 hadi 2012 kwa mkopo wa Benki ya Exim ya China, zilifikisha kilomita 7,560. Takwimu hiyo ni kubwa, lakini hupima njia kuu peke yake. Makala hii inaichunguza historia hiyo kwa kuitazama kutoka Kiegei, kata ya Wilaya ya Nachingwea mkoani Lindi, na kutoka wilaya jirani ya Ruangwa. Hoja kuu ni kwamba miundombinu ya mawasiliano iliyofika kusini ilielekezwa na njia zilizoitangulia pamoja na mahitaji ya walioijenga. Kwa hiyo nafasi ya kata ya pembezoni imeamuliwa na tawi linalotoka kwenye njia kuu, wala si na ukubwa wa njia yenyewe.

2.0 Waya za pwani na reli ya bara

Waya wa kwanza wa simu za maandishi uliounganisha mwambao huu na dunia ulifika Unguja mwaka 1879, ukitokea Aden chini ya bahari na kuendelea kusini hadi Msumbiji na Durban. Mwaka 1890 Bagamoyo na Dar es Salaam ziliunganishwa na Unguja. Utawala wa Wajerumani baadaye uliendeleza laini ya pwani kuelekea Kilwa na Lindi. Laini hiyo ilihudumia maboma, forodha na bandari. Bara, nyuma ya Lindi, ilibaki nchi ya matarishi.

Nachingwea ilipata njia yake kuu kwa sababu nyingine. Mwaka 1947 serikali ya Uingereza ilianzisha mradi wa karanga uliokusudia kulima kiasi cha ekari milioni 3.2 katika Kongwa, Urambo na Nachingwea. Kwa ajili ya mradi huo, reli ilijengwa kutoka pwani hadi Nachingwea, na bandari ya kina kirefu ikajengwa Mtwara. Mradi ulifutwa mwaka 1951. Shehena iliyotarajiwa haikupatikana, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 reli ilifungwa, kisha ikang'olewa. Tukio hili lina uzito wa pekee katika hoja ya makala hii: reli iliyojengwa kwa haja moja ilikufa pamoja na haja hiyo, kwa kuwa haikuwa na matawi ya kutosha ya kuifunga na maisha ya vijiji ilivyovipita.

3.0 Kuzaliwa kwa faiba na kufika kwake

Mwaka 1966 Charles Kao na George Hockham, wakifanya utafiti Uingereza, walionyesha kwamba mwanga hupotea ndani ya kioo hasa kwa sababu ya uchafu uliomo, na kwamba kioo safi kingeweza kuusafirisha mbali. Mwaka 1970 watafiti wa kampuni ya Corning, Marekani, walitengeneza uzi wa aina hiyo. Uzi wa faiba una kiini cha kioo kilichozungukwa na kioo cha aina nyingine. Mwanga unaogonga mpaka wa vioo hivyo kwa pembe ndogo hurudishwa ndani na kuendelea na safari. Bahari ya Atlantiki ilipata mkongo wa faiba mwaka 1988. Afrika Mashariki ilisubiri zaidi ya miaka ishirini, ikitegemea setilaiti zilizo kiasi cha kilomita 36,000 juu ya ikweta, zenye gharama kubwa na ucheleweshaji wa mawimbi. Mkongo wa SEACOM ulizinduliwa Julai 2009, na EASSy ukafuata mwaka 2010. Kao naye alitunukiwa Tuzo ya Nobel ya Fizikia mwaka huohuo wa 2009.

Ili uwezo huo usiishie ufukweni, serikali ilijenga mkongo wa nchi kavu wenye pete za kaskazini, magharibi na kusini, ukisimamiwa na TTCL. Mpangilio wa pete una maana ya kiufundi: uzi ukikatika upande mmoja, mawasiliano huzunguka upande wa pili. Penye laini kubwa za TANESCO, nyuzi za faiba ziliweza kubebwa juu ya nguzo za umeme. Lindi na Mtwara zilikuwa nje ya gridi ya taifa, hivyo kusini kulitegemea zaidi njia ya barabara. Ndiyo sababu Daraja la Mkapa juu ya Mto Rufiji, lililokamilika mwaka 2003, na barabara ya lami iliyofuata ni sehemu ya historia ya mawasiliano sawa na mitambo yenyewe.

4.0 Tawi la mwisho

Kutoka makao makuu ya wilaya kwenda katani, ujumbe kwa kawaida huacha faiba na kupanda mnara, ukirushwa kwa mawimbi ya redio hadi kwenye simu ya mtumiaji. Kampuni za simu hujenga minara penye wateja wengi. Sheria ya Mfuko wa Mawasiliano kwa Wote ya mwaka 2006 ilitungwa kuziba pengo hilo kwa kutoa ruzuku katika maeneo yasiyo na mvuto wa kibiashara. Kwa kutunga sheria hiyo, dola ilikiri kwamba soko peke yake halitaifikia kila kata.

Uzito wa jambo hili uliongezeka katika msimu wa 2024/2025, minada ya korosho ilipoanza kuendeshwa kwa mfumo wa kielektroniki wa Soko la Bidhaa Tanzania. Wakulima wa Ruangwa, Nachingwea na Liwale, walio chini ya Chama Kikuu cha Ushirika RUNALI, waliingia katika mfumo huo. Tangu hapo mtandao umekuwa sehemu ya mzani wa mkulima.

Mei 2024 ilionyesha udhaifu wa mnyororo mzima. Mafuriko yaliikata barabara kuu ya Dar es Salaam–Lindi eneo la Somanga, na tarehe 12 mwezi huohuo hitilafu katika mikongo ya SEACOM na EASSy, karibu na Afrika Kusini, ilidhoofisha intaneti Tanzania nzima.

5.0 Hitimisho

Faiba haijaifuta jiografia ya kusini, imeirithi. Tofauti yake na reli ya karanga ni kwamba inaweza kubeba haja nyingi kwa pamoja: bei ya korosho, masomo, tiba na salamu za jamaa. Uwezo huo haujitimizi wenyewe. Historia ya Nachingwea inafundisha kwamba njia kuu isiyo na matawi hubaki mali ya aliyeijenga. Kwa kata kama Kiegei, kipimo cha haki cha mkongo ni hatua zilizosalia kutoka unapoishia hadi mlangoni mwa ghala la ushirika, shule na zahanati.