Kinondo kwa Miguu

Ukishika barabara ya pwani kutoka Diani kwenda Galu, upande wa bahari hutaona bahari. Utaona kuta. Ukuta wa hoteli, ukuta wa nyumba ya kifahari, geti jeusi la chuma, bawabu, kisha ukuta mwingine. Ukiendelea kusini, kabla hujafika Chale, kuta hukatika na msitu ukaanza. Huo ndio Kaya Kinondo; kaya ni msitu mtakatifu uliokuwa makao ya mababu zetu. Si mkubwa, hekta 30 hivi, na mtu wa bodaboda mwenye haraka huumaliza kabla hajageuza shingo. Lakini kaya ya Wadigo iliyoingia katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2008 ni hii, pamoja na kaya za Wagiriama, Warabai, Waribe, Wakauma, Wakambe, Wajibana na Waduruma, zilizotawanyika kwenye kilomita 200 za pwani yetu.

Mimi nasomesha historia upande wa Msambweni, na Kinondo huenda na wanafunzi. Wengi wao wamezaliwa mwendo wa dakika chache kutoka msituni na hawajaukanyaga. Wazazi wao waliambiwa na bibi zao kwamba kaya si mahali pa kuchezea, na hilo walilishika vizuri. Bibi yangu naye alikuwa hivyo. Aliokota kuni kila mahali, lakini kuni za kaya hakuzigusa hata zikiwa zimeanguka zenyewe. Aliyekata mti mle ndani alitozwa faini ya mnyama: kuku, au mbuzi kama kosa lilikuwa kubwa. Msitu huu haukulindwa na waya wala bunduki. Ulilindwa na watu waliojua mipaka yao, na kwa muda mrefu hiyo ilitosha.

Mwanzoni mwa miaka ya 2000 wazee wa Kinondo waliamua kuwafungulia wageni mlango, kwa masharti yao wenyewe. Masharti hayo ndiyo mwanzo wa matembezi. Kabla ya kuingia unafungwa kaniki kiunoni, uwe mwanamume au mwanamke, tajiri wa hotelini au mtoto wa shule. Kofia unavua. Humbusu mtu mle ndani wala humkumbatii, hata kama ni mke wako wa ndoa na mko fungate. Huchumi jani, huokoti gamba, huchukui kijiwe cha kupeleka nyumbani. Kuna mahali utaambiwa uweke kamera chini, na hutaelezwa sababu mara mbili.

Ndani, mwongozaji hutangulia, nanyi mnafuatana mmoja mmoja. Waongozaji ni vijana wa hapa hapa, waliolelewa na wazee wale wale. Chini hakuna udongo wa kukanyaga kwa raha. Unatembea juu ya matumbawe ya kale, mwamba ambao bahari iliuacha enzi hizo ikarudi nyuma, na miti imepitisha mizizi kwenye nyufa zake ikatafuta maji huko chini. Wanafunzi wangu hupenda kuinama pale mzizi wa mbambakofi unapoingia kwenye tundu la mwamba. Ukiangalia vizuri utaona mzizi umechukua umbo la tundu, ukabanika, kisha ukapanuka upande wa pili. Mwamba wenyewe umepasuka kidogo. Mwongozaji husimama hapo akataja mti huu unatibu nini, gome lake huchemshwa vipi, nani anaruhusiwa kulibandua na kwa maneno gani. Juu, mbega huruka kwa mikia yao mirefu yenye ncha nyeupe na kuangusha vijitawi. Uko mti mmoja mkubwa ambao mgeni huruhusiwa kuukumbatia na kuuachia yanayomsumbua. Nimeona watu wazima wakiukumbatia kwa macho yaliyofumbwa, wakachukua muda, na hakuna aliyewacheka.

Halafu njia inafika mahali ikasimama. Mbele ya hapo ni pa wazee peke yao.

Historia inayosimuliwa njiani huanza Singwaya, kaskazini ya mbali, ambako masimulizi yetu yanasema makundi yote tisa ya Wamijikenda, Wadigo wakiwemo, yaliishi kabla ya kusukumwa kusini na Wagala. Kila kundi lilikuja na fingo yake, hirizi ya kulilinda, likaizika katikati ya makao mapya, na msitu ukawa ngome: njia nyembamba, milango, na katikati uwanja wa kukutania. Wanahistoria wamebishana sana juu ya Singwaya. Thomas Spear aliyaandika masimulizi hayo ya wazee katika kitabu chake cha 1978 na kuyachukua kama ushahidi, na wengine baada yake wakauliza kama safari hiyo ilikuwa moja au nyingi, au kama ni namna ya watu tofauti kujifunga kuwa ndugu. Darasani nasomesha pande zote mbili. Msituni namwachia mzee aseme lake, kwa sababu pale ndiye mwenye nyumba.

Katika karne ya 19 watu walianza kutoka kwenye kaya na kulima mashamba ya mbali. Nyumba zikaanguka, miti ikarudi mahali pake, makaburi yakabaki. Uislamu ukawaenea Wadigo hata leo wengi wetu ni Waislamu, na wazee wa kaya nao wamo. Mzee anayeongoza maombi ya mvua chini ya mti wiki hii utamkuta Ijumaa kwenye safu ya mbele msikitini. Wako wanaoona hapo pana mgongano, na mashehe wengine huwaambia hivyo waziwazi. Sikusudii kuumaliza ubishi huo. Nasema tu kwamba wazee hao hao ndio waliouacha msitu umesimama.

Serikali ya kikoloni ilijua nguvu ya mahali kama hapa. Mwaka 1914, baada ya Mekatilili wa Menza, mwanamke wa Kigiriama, kuwaapisha Wagiriama wenzake wasitoe vijana wa kazi wala kodi, Waingereza waliilipua Kaya Fungo yao kwa baruti. Jambo hilo wanafunzi wangu hulikumbuka bila kulazimishwa, labda kwa sababu ni vigumu kuelewa mtu anawezaje kupigana vita na miti.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya niandike. Siku moja tulifuatana na mama mmoja Mpolandi, mtu mzima, aliyekuwa amevaa kaniki yake vizuri kuliko baadhi ya wanafunzi wangu. Tulipotoka akamuuliza mwongozaji: wenyewe wa hapa walikwenda wapi? Kijana akamjibu kwamba wenyewe ni yeye. Mama akanyamaza, kisha akatueleza kwao. Anatoka Kraków, na mjini kwao kuna mtaa unaoitwa Kazimierz ambako wageni hutembezwa kila siku kwa miguu kuonyeshwa urithi wa Wayahudi.

Nimeusoma mtaa huo tangu siku ile. Wayahudi wa Kraków walihamishiwa Kazimierz mwaka 1495 kwa amri ya mfalme, wakajenga masinagogi, soko, shule na makaburi. Kufikia 1939 Wayahudi wa mji mzima walikuwa zaidi ya 60,000. Mwezi Machi 1941 Wajerumani waliwasukuma waliobaki ng'ambo ya mto, Podgórze, wakawazungushia ukuta. Mwezi Machi 1943 walimaliza kuwatoa, wengine wakauawa papo hapo barabarani, wengine wakapelekwa kambi ya Płaszów na Auschwitz. Mtaa wa Kazimierz ukabaki na majengo bila watu wake. Baada ya filamu ya Steven Spielberg ya 1993, iliyopigwa huko huko, wageni walianza kumiminika. Ziko sinagogi ambazo bado zinasaliwa, na jamii ndogo ya Wayahudi ingalipo, lakini mara nyingi anayekutembeza si mjukuu wa waliokaa pale. Kule Podgórze, katika uwanja ambako watu walikusanywa kabla ya kusafirishwa kumewekwa viti vikubwa vya chuma, vitupu. Mwongozaji husimama kati ya viti hivyo akaeleza nani aliwaondoa watu, kwa amri ya nani, mwezi gani.

Sisi tunacho ambacho Kazimierz ilinyang'anywa: wenyewe wapo, na ndio wanaosimulia. Lakini wao wana kitu ambacho sisi bado. Wanasimama mbele ya pengo na kulitaja. Sisi tunasimama mbele ya mti na kutaja dawa. Misiba haipimwi kwa ratili moja, na sithubutu kulinganisha kuuawa kwa watu wale na kupotea kwa msitu. Ninachokitaka ni ile desturi ya kutembea na kusema: hapa palikuwa na kitu, na hiki ndicho kilichotokea.

Kwa maana pengo letu lipo, na mgeni hulipita akija. Kaya Diani, yenye jina la ufuo huu, leo ni kipande kilichobanwa na viwanja. Chale ni kisiwa cha kaya, na katika miaka ya 1990 hoteli ilijengwa pale huku wazee wakipinga. Miaka hiyo hiyo ndipo Makumbusho ya Kitaifa ya Kenya yalipoanza kuziweka kaya chini ya ulinzi wa sheria kama turathi za taifa, na wataalamu wa mimea kama Ann Robertson na Quentin Luke wakazunguka kuorodhesha msitu kwa msitu kilichobaki. Ilikuwa mbio kati ya karatasi mbili: gazeti la serikali na hatimiliki. Kinondo iliwahi. Ukiwa ndani unaona kivuli, ukitoka nje unaona ukuta, na historia ya jinsi ukuta ulivyofika hapo ni sehemu ya historia ya kaya kama ilivyo Singwaya.

Liko jambo zito zaidi. Usiku wa 13 Agosti 1997 vijana waliokula kiapo na kufanyiwa mazoezi katika msitu wa Kaya Bombo, hapa hapa Kwale, walivamia kituo cha polisi cha Likoni, wakaua askari na kuchukua bunduki. Siku zilizofuata watu wa bara waliokuwa majirani zetu walichinjwa, wakachomewa nyumba, wakafukuzwa. Waliokufa walipita 100 na waliokimbia makwao ni maelfu kwa maelfu. Ulikuwa mwaka wa uchaguzi, na Tume ya Akiwumi ilipochunguza machafuko ya kikabila nchini ilisikia mengi kuhusu mikono ya siasa iliyokuwa nyuma ya vijana wale. Tangu hapo neno kaya likawa neno la kutishia. Msako ulipopita vijijini, kuwa mzee wa kaya kulitosha kukutia mashakani. Kiapo kilichokuwa cha kulinda mji kiliazimwa kwenda kuua jirani.

Kinondo ilifunguliwa kwa wageni miaka michache tu baada ya hayo, na mimi naamini huo ulikuwa ujasiri mkubwa ambao hatujawashukuru wazee inavyostahili. Waliichukua kaya iliyochafuliwa jina wakamwambia mgeni: ingia uone ni nini hasa. Hakuna mgeni niliyewahi kuongozana naye aliyesikia habari ya 1997 njiani. Anaambiwa kuhusu mbega. Jambo hili linaniuma, kwa sababu wanafunzi wangu wengine ni watoto wa waliofukuzwa mwaka ule wakarudi, nao wanaingia kaya wakiwa wamevaa kaniki kama wenzao. Wana haki ya kusikia habari hizi kutoka kwa mzee wa kaya mwenyewe, kwa sauti, mahali pake.

Nimelizungumza hili na wazee, kwa adabu na kwa muda wake, kahawa ikizunguka. Wengine hawakutaka kabisa, na ninawaelewa: mtu hapeleki aibu ya nyumba barazani kwa watu waliolipa kiingilio. Mmoja wao, ambaye hunena kidogo, alisema lisimuliwe, lakini kwanza kwa watoto wa hapa kabla ya mgeni wa ndege, na lisimuliwe nje ya msitu, kwenye kibanda cha kuingilia, ili damu isitajwe ndani. Nililikubali sharti hilo papo hapo. Ni sharti la mtu anayejua mahali pake.

Kwa hiyo njia tutakayoishika na wanafunzi inaanzia kaskazini, penye Msikiti wa Kongo, pale mto Mwachema unapoingia baharini. Ni msikiti wa kale wa mawe, unaokisiwa kuwa wa karne ya 14 au ya 15, umezungukwa na mibuyu na bado unasaliwa. Hapo nitasimulia pwani ya wakati ule, Waswahili na Wadigo wakiuziana, kabla mtu yeyote hajafikiria ukuta. Kisha matatu hadi kilichobaki cha Kaya Diani, na mara hii tutashuka na kuzunguka mipaka yake kwa miguu, kila mwanafunzi na ramani ya zamani mkononi, aweke alama mwenyewe pale msitu ulipoishia na pale unapoishia leo. Halafu Kinondo: kibandani habari za 1997, kisha kaniki, kisha msituni kwa kimya. Maji yakiwa yamekupwa tutamalizia ufuoni mkabala na Chale, ambako trekta la hoteli huvuka na wageni na mizigo yao. Mzee amekubali kuja mpaka pale. Yeye ndiye atakayewaeleza habari za kisiwa hicho, maana wakati wa kupinga alikuwapo.