Mzizi bandia

Simu ya Android tayari inaendeshwa na kerneli ya Linux. Ndiyo maana Kali NetHunter, mfumo wa kupima usalama wa mitandao uliotoka mwaka 2014, unaweza kukaa ndani yake bila kuifuta Android. Mbinu inayowezesha hilo ni chroot, iliyoanza katika Unix mwaka 1979. Mimi naiita mzizi bandia.

Faili za Linux hupangwa kama mti uliopinduliwa: saraka zote huteremka kutoka kwenye mzizi, unaoandikwa kwa mkwaju mmoja tu. Chroot huchukua saraka ya kawaida, hapa ile yenye faili za Kali, na kuionyesha programu kuwa hiyo ndiyo mzizi. Programu ikitazama juu zaidi haioni kitu. Android ipo palepale. Nasema “bandia” kwa maana ya meno ya bandia: yanatafuna kweli, ila hayakuota hapo.

Vijana wanaposema “kuruti simu”, kutokana na neno root, yaani mzizi, wanazungumzia jambo jingine, yaani kujipatia mamlaka ya mkuu wa mfumo juu ya simu nzima. Mawili haya huchanganywa kila siku. Chukua toleo la NetHunter lisilohitaji kuruti, linaloishi ndani ya Termux, programu ya Android ya kuandikia amri. Lenyewe hutumia proot, ambayo hudaka maombi yanayokwenda kwa kerneli na kuyageuza njiani. Andika nh -r, kisha whoami: utajibiwa root, jina la mkuu wa mfumo. Lakini simu haijakupa mamlaka yoyote mapya. Nmap, zana ya kukagua mitandao, itakagua milango kwa njia ya kawaida ya -sT, ila kadi ya waifai itagoma kuingia hali ya kusikiliza, kwa kuwa kerneli bado ni ile iliyokuja na simu. Kazi hiyo inataka simu iliyorutiwa, kerneli iliyoandaliwa kwa modeli hiyo, na mara nyingi adapta ya nje ya waifai kupitia kebo ya OTG.

Wapo wanaopenda kusema “mashine pepe”. Nalikataa neno hilo hapa. Mashine pepe ina kerneli yake. Mzizi bandia unaazima ya mwenyeji. Tena si ukuta: kwenye simu iliyorutiwa, programu yenye mamlaka ya mkuu inaweza kutoka nje ya chroot na kufika kwenye faili za Android. Kwa hiyo mazoezi haya yafanyie kwenye simu nyingine, isiyo na laini yako ya M-Pesa.