Kisigino Hakiui: Kwa Nini Maumivu ya Mguu Yalichelewa Kupata Namba

Picha hii wana Arachuga wengi mnaijua. Chalii wa Sekei anaamka saa kumi na moja alfajiri, anafunga raba, anapandisha kilima kuelekea upande wa Meru. Wiki ya tatu kisigino kinaanza kukaza kila akitoka kitandani. Anavumilia, anapaka dawa ya kuchua, wapi! Mwisho anachechemea hadi hospitali.

"Shikamoo daktari. Mshipa wa mguu unanisumbua."

Daktari anabonyeza nyuma ya kisigino, chalii anaruka. Kisha anaandika kwenye fomu kitu kinachofanana na namba ya gari: M76.6.

Huo ni msimbo wa ugonjwa, na una historia ndefu kuliko foleni ya dirisha la dawa.

Tuanze na lugha. Mtaani "mshipa" ni kila kitu. Unaopitisha damu ni mshipa, neva ni mshipa, hata ngiri huitwa mshipa. Ile kamba ngumu inayofunga msuli kwenye mfupa ina jina lake: kano. Ya nyuma ya kisigino ndiyo nene kuliko zote mwilini, na Wazungu waliiita kwa jina la Achilles, shujaa wa hadithi za Wagiriki. Eti mama yake alimchovya kwenye mto wa ajabu ili asidhurike, lakini alimshika kisigino, pale maji hayakufika. Kilichommaliza ni hicho hicho kisigino.

Sasa, nani aliamua magonjwa yapewe namba? Mwaka 1893, kwenye mkutano wa wanatakwimu mjini Chicago, Mfaransa Jacques Bertillon aliwasilisha orodha ambayo nchi mbalimbali zingeweza kuitumia kwa pamoja. Familia hiyo ilipenda mafaili jamani! Kaka mtu Jacques anapanga magonjwa, mdogo wake Alphonse yuko polisi Paris anapima miili ya wahalifu ili watambulike wakikamatwa tena.

Ila orodha ya Jacques ilikuwa ya sababu za vifo. Ukifa, unahesabiwa. Ukichechemea miaka kumi, hiyo ni shida yako. Kisigino hakiui, kwa hiyo nani angekihangaikia?

Mambo yalibadilika mwaka 1948. Shirika la Afya Duniani, lililokuwa limezaliwa mwaka huo huo, liliichukua kazi hiyo, na toleo la sita likapanuliwa kuhusisha magonjwa na majeraha hata yasiyoua. Hapo ndipo walio hai wakaanza kuhesabiwa kwa uzito. Toleo la kumi, ICD-10, lilipitishwa mwaka 1990, na ndimo ilimo M76.6 ya chalii wetu.

Herufi zenyewe zina maana. M ni magonjwa ya misuli, mifupa na viungo: kano imechoka taratibu, inauma. S ni majeraha: kano ikikatika ghafla uwanjani, ukasikia "pah!" kama umepigwa teke na mtu asiyeonekana, hiyo ni S86.0. Kisigino kile kile, matibabu tofauti kabisa. Mmoja anapewa mazoezi na kupunguziwa mbio, mwingine anaweza kuishia kwenye plasta au upasuaji.

Wamarekani walipohamia toleo lao la ICD-10 mwaka 2015 waliongeza chumvi: M76.61 ni mguu wa kulia, M76.62 wa kushoto. Wana hadi msimbo wa kugongwa na bata. Hapana, sio utani.

Huku kwetu msimbo unagusa mfuko moja kwa moja. Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya ulianza kazi mwaka 2001, na madai ya hospitali yanahitaji msimbo wa ugonjwa ili yalipwe. Lakini kuna hasara nyingine isiyoonekana. Mhudumu aliyechoka, foleni imefika getini, anaweza kuandika M79.6, yaani "maumivu ya mguu au mkono", akamaliza. Si uongo. Ila kwenye takwimu kano ya chalii inapotea. Wakikosea hivyo kwa wakimbiaji, wapagazi wa mlimani na kina mama wanaosimama sokoni kutwa, nani atajua kwamba mji unahitaji wataalamu zaidi wa mazoezi ya viungo? Kinachoonekana ni "miguu inauma" tu.

Toleo la kumi na moja lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, na nchi zinahamia kwa mwendo wake. Namba zitabadilika. Kisigino ni kile kile.

Kwa hiyo ukitoka kwa daktari, usiishie kuuliza dawa. Uliza pia, "Umeandika ninaumwa nini?" Ni mwili wako, una haki ya kujua unahesabiwa kama nani.

Na wewe mdau, mguu wako uliwahi kuitwa "mshipa" ukaambiwa utapoa wenyewe? Funguka hapo chini.